Kutunga Muziki wa Filamu na Tamthilia: Mwongozo Kamili kwa Anayeanzia Afrika Mashariki

Vijana wengi wanaotengeneza biti huamini kwamba mlango wa kuingilia kwenye filamu uko kwa mwongozaji mwenye jina, au kwa kampuni kubwa yenye jengo na walinzi. Kwa soko letu, kuanzia Dar hadi Nairobi, mlango uko kwa mhariri wa picha. Yeye ndiye anayekesha na tamthilia, ndiye anayejua kwamba sehemu ya 14 inarushwa kesho kutwa na bado haina muziki, na ndiye aliyezoea kuchota chochote mtandaoni ili kazi iishe. Ukimpunguzia huyo mzigo, kazi unayo. Hatua zote zilizo hapa chini, hata zile za mitambo na mikataba, zimepangwa kwa kumfikiria yeye.

Kabla ya hatua zenyewe, tuelewane tunazungumzia kazi gani. Filamu moja inaweza kubeba muziki wa aina mbili. Kuna wimbo uliokwisha kurekodiwa, ambao kampuni ya filamu inauombea kibali; na kuna muziki unaotungwa kwa ajili ya picha ile tu, sekunde kwa sekunde. The Constant Gardener ya mwaka 2005, ambayo sehemu kubwa ilipigwa Kenya, ina vyote viwili: muziki wa picha ulitungwa na Mhispania Alberto Iglesias, na ndani ya filamu hiyohiyo unasikika wimbo "Kothbiro" wa mpiga nyatiti wa Kenya, Ayub Ogada. Watu wawili, mikataba miwili, njia mbili za malipo. Hapa tunashughulika zaidi na kazi ya aina ya Iglesias, ingawa ukiwa mwimbaji au mpiga ala, hiyo ya Ogada nayo ina hela yake.

Hatua ya 1: Tazama ukiwa na kalamu

Chukua sehemu moja ya tamthilia unayoipenda. Mara ya kwanza itazame kama kawaida. Mara ya pili zima sauti kabisa, uandike kila mahali ambapo wewe ungeingiza muziki. Mara ya tatu washa sauti, uandike muda ambao muziki unaingia, unapotoka, na kilichokuwa kinatokea kwenye picha. Kisha linganisha orodha zako mbili.

Utaona kwamba muziki uliopangwa vizuri mara nyingi hauingii kwenye neno zito, unaingia kwenye jicho. Mtu anaambiwa "mtoto si wako". Kimya. Anageuka kumtazama mkewe, na hapo ndipo nyuzi zinaanza. Ukiweka muziki juu ya neno lenyewe, umeshamwamulia mtazamaji ahisi nini kabla hajapata nafasi ya kuhisi.

Utaona pia kwamba tamthilia zetu nyingi zina muziki mwingi kupita kiasi, hauachi hata pumzi. Si mara zote ni ladha mbaya. Mara nyingi sauti ya eneo ilirekodiwa vibaya, bodaboda zinapita, jenereta ya jirani inanguruma, na mhariri anatandaza muziki juu ili kufunika. Lijue hilo mapema, maana siku moja utaombwa "kipande kirefu kidogo tu cha kuweka chini" na usipouliza sababu utatunga kitu kizuri mahali ambapo kilihitajika kitu kinene.

Kuhusu shule: msingi wa muziki unaupata sehemu nyingi. DCMA, chuo cha muziki pale Zanzibar kilichoanza 2002, kinafundisha udi, ganuni, taarab na nadharia. TaSUBa, taasisi ya sanaa, iko Bagamoyo. Chuo Kikuu cha Tumaini Makumira Arusha na Kenyatta University wana shahada za muziki. Nairobi kuna Kenya Conservatoire of Music. Kama huwezi kwenda shule, jifunze walau kibodi kwa mikono miwili, koda (noti kadhaa zinazopigwa pamoja) na mageuzi yake, na kusoma nota kwa kiasi cha kumwandikia mpiga fidla mistari minane bila kumwonea haya. Nota si sharti la kuanza. Ni sharti la kutopoteza muda studio siku ukipata bajeti ya wapigaji wanne wanaolipwa kwa saa.

Hatua ya 2: Vifaa, bila kujifilisi

Kompyuta yenye RAM ya GB 16 inatosha kuanzia, GB 32 ni raha. Diski iwe SSD, na uwe na diski ya pili ya nje kwa nakala. Nunua UPS kabla hujanunua spika za bei. Umeme ukikatika katikati ya kuhifadhi faili, spika haitakurudishia kitu. Kibodi ya MIDI (ya kuchezea sauti zilizo kwenye kompyuta) ya funguo 49 au 61, hedifoni nzuri zinazofunika masikio, maiki moja ya kondensa na kadi ya sauti ya njia mbili.

Programu ya kurekodia iwe ile inayoonyesha video na kuhesabu muda kwa fremu. Logic Pro, Cubase na Reaper zinafanya hivyo vizuri. Reaper ina leseni ya dola 60 kwa mtu binafsi na inakupa siku 60 za kujaribu, na haihitaji kompyuta kali. Wengi wetu tumekulia kwenye FL Studio. Nayo inaweza kufungua video, lakini kwa kazi ya vipande 30 vilivyosambaa ndani ya filamu ya dakika 90 utahangaika. Itumie kutengeneza midundo, kisha hamishia sauti kwenye programu nyingine iliyo na picha. Pakua pia DaVinci Resolve ya bure, programu ya kuhariri video, ili uone mwenzako mhariri anafanyia kazi wapi na faili zako zinamfikiaje.

Jambo la kurekebisha siku ya kwanza: weka mradi wako kwenye kHz 48 na biti 24, yaani vipimo vya ubora wa sauti ya dijitali. Muziki wa kawaida wa redio umezoea 44.1, na programu nyingi hufunguka hivyo zenyewe. Video inataka 48.

Sauti za okestra za bure zipo na zinatosha kuanzia, kwa mfano LABS ya Spitfire. Lakini hapa nina msimamo: ukitegemea nyuzi za kompyuta peke yake, utasikika kama kila mtu mwenye kompyuta duniani, tena yule wa Ulaya ana maktaba ghali kuliko yako. Unachoweza kumzidi ni ala zilizo saa moja kutoka kwako.

Hatua ya 3: Rekodi ala za hapa

Hili linahitaji utaratibu wake. Usimwite mpiga zeze au marimba akaja kupiga juu ya wimbo uliokwisha kuutunga kwenye kibodi. Ngazi ya sauti ya muziki wa Kigogo, kwa mfano, haikai sawasawa kwenye funguo za piano, na ilimba (ala yao ya kupigwa kwa vidole gumba) imetunwa kwa sikio la mwenyewe. Ukimlazimisha afuate kompyuta, ama atapiga kwa woga, ama vitagongana. Fanya kinyume: mrekodi yeye kwanza, pima noti zake, kisha sogeza tuni ya nyuzi na besi za kompyuta zimfuate. Programu nyingi za sampuli (sauti za ala zilizokwisha kurekodiwa) zina kitufe cha kusogeza kila noti kwa senti, yaani hatua ndogo mno za sauti. Ndivyo ilivyo pia kwa taarab: makamu (ngazi za sauti zenye asili ya Kiarabu) kama rasti na bayati yana sauti zinazoangukia katikati ya funguo mbili za kibodi, na ukiweka koda ya piano ya kawaida chini ya ganuni, sikio la Mzanzibari litakunja uso.

Siku ya kurekodi, omba mambo manne kwa kila mpigaji: noti moja moja kuanzia chini hadi juu, miguso ya kutisha na ya ajabu (kukwaruza uzi, kupiga kibao cha ala), vipande vifupi kwa mwendo wa polepole, wa kati na wa haraka, halafu dakika tano apige anachotaka mwenyewe. Hizo dakika tano mara nyingi ndizo zinazoibeba filamu. Ngoma kubwa kama msondo zirekodi kwa maiki mbili, moja karibu na moja mita mbili nyuma, kwenye chumba kisicho na vigae.

Mlipe siku hiyohiyo, na mtiliane saini karatasi ya ukurasa mmoja inayosema amelipwa kiasi gani, kwa matumizi gani, na jina lake litaandikwaje kwenye filamu. Kama hasomi, msomee mbele ya shahidi. Bila karatasi hiyo huwezi kuuza muziki wako popote pa maana.

Hatua ya 4: Tafuta picha, kisha tafuta mhariri

Mazoezi ya kwanza fanya na filamu za wanafunzi. Vyuo vya filamu na habari vina wanafunzi wanaohitaji muziki kila mwisho wa muhula, na hawana hela. Fanya tatu au nne bure, lakini kwa masharti: picha iwe imefungwa (haikatwi tena), jina lako litoke mwishoni, na uruhusiwe kutumia tukio kwenye kazi zako za kuonyesha. Baada ya hapo acha kufanya bure. Bure haina mwisho.

Kazi za kuonyesha ziwe na matukio matatu, jumla yasizidi dakika tatu. La kwanza liwe na maongezi. Watunzi wachanga hutuma tukio la mbio za magari lenye ngoma nzito, na mtayarishaji hajifunzi chochote hapo, kwa sababu tamthilia yake ni watu wawili wanagombana sebuleni. Onyesha kwamba unaweza kukaa chini ya maongezi bila kuyameza. Usitume nyimbo bila picha.

Watu utawakuta wapi? ZIFF, tamasha la filamu la Zanzibar, lipo tangu mwishoni mwa miaka ya 1990, na huko wahariri na waongozaji wanakaa meza moja. Kenya kuna mizunguko ya Kalasha, tuzo za filamu na televisheni. Ukienda, usigawe kadi kwa mwongozaji anayezungukwa na kamera. Keti kwenye maonyesho ya filamu fupi saa nne asubuhi, ukumbi ukiwa nusu, halafu mfuate aliyehariri na umwambie kitu mahususi ulichokiona kwenye kazi yake.

Hatua ya 5: Kupokea picha

Ukipata kazi, kabla ya kugusa kibodi dai vitu vifuatavyo: video yenye taimkodi (namba za saa, dakika, sekunde na fremu) inayoonekana juu ya picha, maongezi yakiwa kwenye njia ya peke yake tofauti na milio mingine, idadi ya fremu kwa sekunde, na maandishi (hata ya WhatsApp) yanayosema picha imefungwa.

Idadi ya fremu si jambo la mafundi tu. Televisheni ya kwetu ilirithi mfumo wa fremu 25, filamu za sinema hupigwa kwa 24, na simu na kamera nyingi ndogo hurekodi kwa 30 usipozibadilisha. Picha ya fremu 24 ikichezeshwa kwa 25, dakika 10 zinageuka dakika 9 na sekunde 36. Kipande ulichokipanga kiangukie kwenye kofi kitaangukia mtu akiwa ameshatoka mlangoni.

Na picha "iliyofungwa" itafunguliwa tu. Usikasirike, jipange: mkubaliane kwamba kila badiliko linakuja na orodha fupi, kwa mfano "kutoka 00:12:40 tumekata sekunde 3". Bila orodha utatazama dakika 90 upya ukitafuta kilichobadilika.

Hatua ya 6: Kikao cha kutazama pamoja

Kaa na mwongozaji na mhariri, mtazame filamu nzima mkisimama kila mahali. Wewe ongea kidogo. Usiulize "unataka piano au gitaa?" kwa sababu hilo ni jukumu lako. Uliza: tukio hili tunaliona kwa macho ya nani? Mtazamaji anajua zaidi ya mhusika, au wanajua sawa? Mwongozaji akikwambia "nataka muziki wa huzuni" kwenye msiba, muulize ni huzuni ya mjane au ya mtoto wa nje aliyesimama nyuma ya watu. Muziki wake ni tofauti kabisa.

Jitayarishe kukuta muziki wa kushikizia. Mhariri huwa ameshaweka muziki wa filamu kubwa ya Marekani ili apate mwendo, na mwongozaji ameusikia kwa wiki tatu mpaka ameuoa. Usiuponde. Uliza ni nini kinachomfurahisha ndani yake: mwendo, uzito wa besi, au mahali unaponyamaza? Mara nyingi ni kimoja tu, nacho unaweza kukipa kwa njia yako. Akisema anataka "uleule", mweleze kwa upole kwamba kunakili kwa karibu ni kesi, na atakayeshtakiwa ni kampuni yake pamoja na wewe.

Toka kikaoni na jedwali: namba ya kipande, muda wa kuingia, muda wa kutoka, kazi yake kwa sentensi moja. Andika pia sehemu ambazo mmekubaliana *zisiwe* na muziki. Zitakuokoa baadaye mtu akianza kuogopa kimya.

Hatua ya 7: Kutunga kwa saa

Tuchukue tukio moja. Mama anachukua simu ya mumewe mezani, anasoma ujumbe, anasoma tena, na mume anafungua mlango. Kutoka anaposhika simu hadi mlango kufunguka ni sekunde 22.4. Unataka mlango uangukie mwanzo wa mzunguko wa nane, kwa mapigo manne kila mzunguko. Maana yake mapigo 28 yapite kabla. Hesabu ni mapigo mara 60, gawa kwa sekunde: 28 × 60 ÷ 22.4 = 75. Weka mwendo wa mapigo 75 kwa dakika na mlango utafunguka palepale, bila wewe kukata wala kuvuta kitu.

Wiki ijayo mhariri anakwambia amepunguza sekunde moja. Sasa ni 21.4. Mapigo yaleyale 28 yanataka mwendo wa 78.5. Mtazamaji hatasikia tofauti hiyo, na kwa dakika mbili umemaliza marekebisho. Kama ulirekodi zeze la kweli lisiloweza kuvutwa, toa pigo moja mahali ambapo muziki umetulia, na urekebishe mwendo wa kilichobaki. Ndiyo sababu vipande vya picha huandikwa vikiwa na nafasi za kupumua.

Hesabu nyingine ya kuweka kichwani: kwa fremu 25, mwendo wa 125 ni fremu 12 kamili kwa kila pigo, na wa 100 ni fremu 15. Ukigusa tukio, heri uchelewe fremu mbili kuliko kuwahi hata moja. Mguso unaowahi huonekana kama kosa. Unaochelewa kidogo jicho linausamehe.

Halafu jiulize kama mlango unahitaji kuguswa kweli. Kwa tukio hili mimi ningeuacha muziki ufe pigo moja kabla ya mlango, ili kitasa kisikike peke yake. Kishindo cha ngoma kila mlango ukifunguka ni ugonjwa wa tamthilia zetu, na watazamaji wameshaanza kuutania.

Chini ya maongezi, kumbuka kwamba maneno hueleweka zaidi kwenye masafa ya kati ya kHz 1 na 4. Nai, zumari, fidla ya juu na gitaa lenye makali hukaa hapohapo, kwa hiyo vinagombana na waigizaji. Tumia besi, nyuzi ndefu za chini, marimba laini, au sauti za juu kabisa zilizo nyembamba. Melodi isogee pale mhusika anaponyamaza, na isimame anapofungua mdomo. Ukisikiliza kazi za wakongwe utaona wanapiga muziki wao kama mtu anayejibu maongezi.

Hatua ya 8: Tamthilia ya kila siku ni kazi nyingine

Filamu inakupa wiki kadhaa. Tamthilia inayorushwa siku tano kwa wiki haikupi hata siku mbili kwa sehemu moja, na huko ndiko ajira nyingi zilipo, kwenye chaneli kama Maisha Magic Bongo na Sinema Zetu. Huwezi kutunga kwa kila tukio. Unachofanya ni kujenga benki ya vipande kabla ya msimu kuanza, na mhariri anachota humo.

Anza na muziki wa ufunguzi, sekunde 30 hadi 60, wenye melodi ambayo mtoto anaweza kuiimba akipita sebuleni. Kutoka kwenye melodi hiyo zalisha mada za wahusika wakuu watatu au wanne. Kisha vipande vya hali: hofu, shaka, mapenzi, fedheha, utani wa jikoni, safari, msiba, ushindi. Kila hali iwe na vipande vitatu hivi vya mwendo tofauti, na kila kipande ukitoe kwa sura kadhaa: kamili, bila ngoma, mtandiko wa chini tu, na mwisho mfupi wa sekunde tatu hadi tano wa kufungia tukio kabla ya tangazo. Vipande visiwe na ufunguo mmoja wote, lakini viwe kwenye funguo zinazounganika, maana mhariri atavigonganisha bila kukuuliza.

Sasa majina ya faili. Usiite faili "Mawazo ya Usiku". Mhariri saa nane usiku anatafuta neno "hofu". Iite HOFU_02_bila-ngoma_75. Ambatisha na orodha ya ukurasa mmoja. Nimeona watunzi wenye vipaji wakiachwa msimu wa pili, nafasi zao zikachukuliwa na watu wa kawaida wenye mafaili yaliyopangwa.

Kila baada ya wiki chache mpigie mhariri umuulize: kipande gani umekichoka? Hicho kiondoe, ongeza viwili vipya. Uliza pia anachokosa. Mara nyingi atakwambia kitu ambacho mwongozaji hakukifikiria, kama muziki wa mtu anayesubiri.

Hatua ya 9: Kukabidhi

Toa WAV, kHz 48, biti 24, kamwe si MP3. Kila kipande kitoke kikiwa kamili, na pia kimegawanywa katika mafungu: ngoma, besi, nyuzi, ala za hapa, sauti za watu. Mchanganyaji wa sauti akiona ngoma inameza neno, atashusha fungu la ngoma peke yake badala ya kushusha muziki wako wote. Mafungu yote yaanze sekunde moja na kuwa na urefu sawa, na jina la faili libebe taimkodi ya kuanzia. Kwa filamu ndefu weka mlio mfupi wa fremu moja sekunde mbili kabla ya picha ya kwanza. Mhariri atautumia kuhakiki kwamba sauti na picha zimekaa sawa.

Usibane muziki kama wimbo wa klabu. Vituo vinavyofuata kiwango cha Ulaya cha EBU R128 vinataka kipindi kizima kiwe kwenye LUFS −23 (kipimo cha ukubwa wa sauti), na muziki uliobanwa utashushwa tu hadi uwe mwembamba.

Hatua ya 10: Mkataba, haki na karatasi za mirabaha

Hapa ndipo watunzi wa kwetu wanapoliwa. Malipo yana sehemu mbili tofauti: ada ya kutunga, unayolipwa na mtayarishaji, na mirabaha, inayotokana na kazi kurushwa. Mtu anaweza kukulipa ada ndogo na ukaacha mirabaha. Ukitia saini kuuza jumla, umeuza vyote viwili kwa bei ya kimoja.

Mkataba usikose haya: idadi ya dakika za muziki, marudio mangapi yamo ndani ya bei (mawili yanatosha, la tatu lilipiwe), malipo kwa awamu, nusu ikitangulia kabla ya kuanza, nani analipa wapigaji na studio, jina lako litatokaje, kazi itatumika wapi na kwa muda gani, na nini kitatokea filamu ikisimama katikati. Juu ya yote, umiliki. Sheria ya Kenya huihesabu kazi iliyoagizwa kuwa ya aliyeiagiza, isipokuwa mkataba useme vingine. Kwa hiyo kimya cha mkataba hakikulindi. Kama mtayarishaji anang'ang'ania umiliki, na wakubwa wengi watang'ang'ania, basi andikeni wazi kwamba fungu la mtunzi katika mirabaha ya kurushwa linabaki kwako. Hilo watakubali mara nyingi, kwa sababu halitoki mfukoni mwao.

Tanzania tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya 1999, na ofisi inayoisimamia ni COSOTA. Kenya kuna KECOBO. Ulinzi hudumu maisha yako yote na miaka 50 baada ya kufa kwako. Haki unazo tangu unapokiweka kipande kwenye rekodi, lakini kusajili kunakupa ushahidi siku ya ugomvi. Kwa ukusanyaji wa mirabaha Kenya kumekuwa na MCSK kwa watunzi, PRISK kwa waimbaji na wapigaji, na KAMP kwa wenye rekodi. Uganda kuna UPRS. Leseni za vyama hivi hubadilika, kwa hiyo uliza mwaka huu nani ameruhusiwa kukusanya kabla ya kujiunga. Ukijiunga utapewa namba ya IPI, ambayo ndiyo inayokutambulisha kwa vyama vya nchi nyingine.

Halafu ile karatasi ambayo karibu kila mtu huisahau: orodha ya muziki uliotumika. Inaandikwa jina la tamthilia na namba ya sehemu, kila kipande kilichosikika, mtunzi na IPI yake, sekunde kilizodumu, na kilitumikaje, kama ufunguzi, kama muziki wa nyuma au kama wimbo unaoimbwa kwenye picha. Kituo na chama cha mirabaha hugawa pesa kwa kufuata orodha hii. Isipokuwepo, muziki wako umerushwa bila mwenyewe. Kwa utaratibu wa kuijaza ni mtayarishaji au kituo. Kiuhalisia ijaze wewe, mpe mhariri athibitishe sekunde, mpelekee mtayarishaji asaini. Ndiyo faida nyingine ya kumpanga mhariri vizuri: yeye peke yake ndiye anayejua ametumia HOFU_02 mara ngapi.

Tahadhari mbili za mwisho kwenye haki. Wimbo wa jadi si mali ya bure kwa sababu tu haujulikani ametunga nani. Sheria ya Tanzania ya 1999 inagusa sanaa za jadi, na Kenya ina sheria mahususi ya mwaka 2016 ya maarifa na sanaa za jadi. Na hata pale tungo ni ya jamii, rekodi ya mtu aliyekwenda kijijini na maiki ni mali yake. Nenda ukarekodi ya kwako. Pili, soma leseni ya kila sampuli. Zipo zinazoruhusu wimbo lakini zinakataza benki ya vipande inayouzwa.

Msimu ukiisha, hifadhi mradi mzima sehemu mbili, pamoja na mafungu yote, mikataba na karatasi za wapigaji. Weka alama kwenye kalenda miezi sita mbele, ukiandikie chama chako kuuliza kama orodha za sehemu zote zimefika. Wakikujibu kwamba sehemu ya 31 hadi 40 hazipo, unayo nakala, na una namba ya mhariri.